Shikamoo kwa Watoto wa Mabawa

Mke wangu alianza kusahau vitu vidogo: chumvi kwenye mchuzi, kisha siku ya Ijumaa, kisha majina ya wanetu. Daktari akasema maradhi haya hayana kurudi nyuma. Nikasema Alhamdulillahi, ingawa ulimi ulitangulia moyo.

Kila asubuhi tulitembea mtaani kwetu Mabawa, nimemshika mkono. Miaka arobaini nimepita njia hiyo kwenda msikitini nikitazama miguu yangu. Yeye husimama. Mwenye duka akimwagia maji vumbi la mlangoni pake, likatoa harufu ya mvua, husimama. Kanga mbili zikipepea kambani, husimama. "Angalia!" huniambia, kana kwamba zimeanikwa kwa ajili yetu.

Siku moja wakapita watoto wa shule. Mke wangu akawainamia: "Shikamoo!" Bibi mwenye mvi, anawaamkia watoto wa darasa la pili! Mmoja akajibu, "Marahaba, hujambo?" Wenziwe wakaangua kicheko.

Niliona haya. Nikamrudisha nyumbani na siku tatu sikumtoa. Nilijiambia namsitiri. Alikaa nyuma ya mlango, baibui mwilini, akiuliza, "Hatwendi?" Siku ya tatu hakuuliza tena. Hapo ndipo nilipoogopa.

Asubuhi ya nne jirani yetu, mama muuza vitumbua, ambaye humtania mke wangu kwa kumwita bibi harusi, akabisha hodi. "Shikamoo, sheikh. Bibi harusi wangu yuko wapi? Vitumbua vinapoa!"

"Marahaba. Mtaa unamcheka."

"Nani hachekwi mtaa huu? Hata wewe twakucheka, watembea kama uliyedondosha sindano. Mtoe, baba."

Nikamtoa. Mbele ya jiko la vitumbua mke wangu akamwinamia mwanamke yule, wa umri wa binti yetu. "Shikamoo."

Muuza vitumbua akafuta mafuta mkononi, akamshika. "Shikamoo wewe, mama yangu." Hiliki ilinukia mtaa mzima. Sijui kama ilikuwa ikinukia hivyo miaka yote.

Watoto bado hucheka, nasi bado twapita. Nilimwomba Mola msamaha kwa zile siku tatu. Sijui ni asubuhi ngapi zimebaki.

Jana alipoamka alinitazama. Tangu tuoane, salamu yetu ni sabalkheri.

"Shikamoo, mzee," akasema. "Wewe ni wa nyumba gani?"

Nikamtafutia baibui lake, nikamvika.

"Marahaba," nikamjibu. "Mie ni wa nyumba hii hii. Twende ukanionyeshe mtaa."