Baba Mkwe Ukumbini

Nimeghani mashairi yangu kwenye kumbi za Mbeya, Dodoma na Dar es Salaam, nikashangiliwa na watu tusiojuana. Kyela, nilikoolewa, sikupanda jukwaani hata mara moja. Watu walidhani naringa. Sababu ilikuwa baba mkwe.

Kwa Wanyakyusa, mke wa mtoto hatazamani wala hasemezani na baba mkwe. Wengi mjini wameshaacha, lakini nyumba niliyoolewa kule kijijini Ikolo haijaacha. Nikimwona mzee anakuja, nachepuka kwenye kakao mpaka apite. Hatujawahi kugombana, kugombana nako kunataka kusemezana. Kazi yangu aliijua kwa kusimuliwa, na anaionaje sikujua.

Mwaka juzi wakulima walizindua ukumbi wao pale mjini, wakaniomba nighani. Mume wangu akasema, "Wewe nenda tu. Baba haendagi kwenye mikusanyiko." Nikakubali. Nilikuwa nimechoka kuwa mshairi wa kila mahali isipokuwa nyumbani.

Sijamaliza ubeti wa kwanza, mzee huyo akaingia na koti lake la kanisani. Nikishuka, Kyela hawataniita tena. Nikibaki, nimemvunjia heshima mbele ya wilaya nzima, na sidhani kama ukoo ungenisamehe. Nikakatiza ubeti, nikainamisha macho. Mshereheshaji alidhani nimesahau maneno, akaanza kupiga makofi ya kunitia moyo. Nilimchukia kwa dhati.

Mzee akaja mpaka mbele, akachukua kiti cha plastiki, akakigeuza kikaelekea mlangoni, akakaa akinipa mgongo. Watu wakaguna. Mama mmoja akasema bila kujificha, "Jamani, amemsusa mkwe wake!"

Vijana wakacheka. Wazee hawakucheka, nami nikaelewa pamoja nao, ingawa nilichelewa kidogo. Mila inakataza tusitazamane, basi yeye ameondoa macho yake ili mimi nisiondoke. Nikaanza upya. Nilighani shairi zima nikitazama ukuta, maana hata kisogo chake nilikionea haya. Watu wakapiga makofi kabla sijamaliza, kama kawaida yao, na yeye akainuka akatoka bila kugeuka.

Kesho yake mama mkwe alinikuta jikoni nachambua mchele.

"Mwanangu, baba yenu amenituma," alisema. "Anasema ndaga fijo, ameshukuru sana. Ila yale makofi yalimeza ubeti wa mwisho, na yeye hawezi kukuuliza. Niambie mimi nikampelekee."

"Mama, ni mrefu. Utaushika wote?"

"Nitaushikaje na uzee huu?" Akaenda kufungua dirisha la jikoni. Upande wa pili wa ukuta mzee alikohoa, akavuta kiti karibu.

Nikauweka ungo chini. Nikaughani ubeti ule kwa sauti kubwa nikiyaelekea mafiga, na machozi yalinitoka wala sikuyafuta.