Pai Isiyopikwa kwa Moto wa Mkwe

Mama yangu alikuwa na ugomvi na ndoa yangu, wala hakuuficha. Mimi binti wa Butiama, niliyebatizwa na kufundishwa kushona vitambaa na masista, niliolewa mjini Musoma na fundi cherehani Mwislamu ambaye wazazi wake walitoka Ujiji. Mji haukumpendeza mama, dini haikumpendeza, lakini kilichomuudhi hasa ni ile cherehani. Mwanamume wa kwetu hujulikana kwa ng'ombe wake. Huyu wangu alijulikana kwa mapazia ya Wazungu na kanzu za Idi.

Kwetu, mama mkwe hali chakula kilichopikwa kwenye moto wa mkwewe mpaka mkwe ampelekee mbuzi, na yeye ampokee. Akishampokea mambo yamekwisha: anakula, anashiba, hata kulalamika kwamba mboga haina chumvi anaruhusiwa. Mume wangu alipeleka mbuzi Butiama mara mbili. Mara zote mbili mbuzi alirudi na mtu aliyempeleka, amenenepa kidogo kwa majani ya kule. Baba alikwisha kupokea ng'ombe wake bila maneno mengi. Mama ndiye aliyegoma. Na kumrudisha mbuzi kwetu hakuhitaji kuelezwa. Ni kusema, huyu mwanamume simtambui.

Basi mwaka mmoja, Mwingereza akiwa bado anatutawala, mama akaugua macho. Wakamwambia aende hospitali ya Musoma, awe anatiwa dawa kila asubuhi mpaka yapone. Akaja na lori la pamba, amekaa mbele kwa dereva na kikapu chake mapajani. Mume wangu, maskini, alitaka kuonyesha adabu ya kwao. Aliruka barazani, akanyoosha mkono, akasema, "Shikamoo mama, karibu nyumbani." Mama akajifunika shuka usoni na kugeukia ukuta wa duka la Mhindi. Watu walisimama kutazama. Ilinibidi nimvute mume wangu kwa ukosi wa shati na kumweleza, pale pale barabarani, kwamba mkwe hampi mama mkwe mkono, hamtazami usoni, wala hakai naye chumba kimoja.

Tangu hapo mume wangu akazidisha. Akisikia tu ndala za mama, anatoweka. Siku moja nilimkuta ameinama nyuma ya jora la khaki, mteja anamtafuta, na yeye ananifanyia ishara nisimtaje. Nilicheka mpaka nikakaa chini.

Lakini jambo la chakula halikunichekesha. Mama alilala kwangu, alioga kwangu, alinisuka nywele barazani kwangu, ila tonge la kwangu hakutia mdomoni. Siku za mwanzo alikula viazi vyake vya kuchemsha alivyotoka navyo Butiama. Vilipoanza kuota ukungu kwa joto la mjini, akahamia kwa jirani. Jirani yangu alikuwa mama mmoja wa Kijita kutoka Suguti, mwenye sauti kubwa na mkono mwepesi wa kupika samaki. Kila jioni mama alivuka uchochoro, akakaa kwenye kigoda cha yule mama, akala ugali wa mtama na samaki wa ningu mpaka nasikia wanavyonyonya mifupa. Mimi niko upande wangu wa ua na chungu changu cha wali, nimenuna.

"Usiniangalie hivyo," jirani aliniambia siku moja kisimani. "Mimi simwitagi. Anakujaga mwenyewe. Na ningu anapendaga huyo, mpaka kichwa anamaliza."

"Kula kwako sawa, kwangu haramu?"

"Mimi sikuoa binti yake."

Nilikasirika, na hasira yangu huwa inaenda jikoni. Nikaamua nimpikie kitu ambacho hajawahi kukiona, kitu cha kumfanya asahau mila kwa dakika kumi. Nilijua pai ya ndimu. Alinifundisha mke wa karani mmoja Mgoa wa bomani, ambaye mume wangu alimshonea mapazia. Uzuri wa pai ile ni kwamba haihitaji oveni, nami nilikuwa na jiko la mkaa tu. Unaponda biskuti, unachanganya na siagi, unazibana kwenye sahani ya kina. Unafungua makopo mawili ya maziwa mazito matamu, unakamulia ndimu huku unakoroga, na ndimu yenyewe inayagandisha maziwa, wala huchemshi chochote. Kisha unaweka sahani ndani ya karai la maji, unafunika kwa gunia bichi, unaacha upepo wa ziwani ufanye kazi. Mume wangu aliipenda sana ile pai. Akila vipande viwili alilala mchana kutwa kama chatu, na mashati ya watu yakachelewa.

Nikaitengeneza kwa kujikweza, nikamwekea mama mbele, juu ya mkeka. Aliitazama. Aliinusa. Nikaona kabisa kwamba ameitamani.

"Haya maziwa ya ng'ombe gani?" akauliza. Tulizungumza Kizanaki, mama alikuwa akisema siku zote kwamba Kiswahili hakijui.

"Ya kopo."

"Kopo kanunua nani?"

Akaisukuma ile sahani kwa kidole kimoja, taratibu, kama mtu anayemsogeza kifaranga. Jirani ndiye aliyeila, akasema ni tamu ila imemkwama kifuani, akaomba maji.

Kesho yake asubuhi mama aliporudi kutiwa dawa, macho yamemwiva na machozi ya dawa yakimtiririka, nilimuuliza kitu kile kile nilichokuwa nakizungusha kichwani. "Mama, kinachokatazwa ni nini hasa? Ni nyumba yake, au ni moto wake?"

"Ni moto. Na mali yake."

"Kisichopikwa kabisa je?"

Akanitazama kwa lile jicho lililokuwa na nafuu. "Kisichopikwa si chakula."

"Maziwa hayapikwi, na unakunywa. Una maziwa humo kikapuni?"

Alikuwa nayo, kibuyu kizima, yamekwisha kuganda vizuri. Alikuwa na karanga alizozikaanga mwenyewe kwao, chupa ya asali kutoka kwenye mizinga ya mjomba, na ndimu za mti ulio nyuma ya nyumba yetu kule Butiama, ambazo aliniletea kwa sababu utotoni nilikuwa nazila na chumvi. Nikanyoosha mkono nivichukue. Akaweka mkono wake juu ya kikapu.

"Nikishakupa ni vyako. Vikiwa vyako, ni vya nyumba yake."

"Basi usinipe. Nivikoroge vikiwa vyako."

Alifikiri sana juu ya hilo. Mama alikuwa mtu wa haki, ukimletea hoja hawezi kuitupa bila kuipima. Mwishoni akasema, "Nje. Si chini ya bati lake."

Nikafanya kazi ile uani, chini ya jua, kwa bakuli la jirani, karai la jirani na kinu cha jirani. Nilipotaka kuchuja maziwa nikachana kipande cha bafta kutoka kwenye mabaki ya mume wangu, mama akakohoa. Nikakirudisha. Akafungua kitambaa chake cha kichwani, akakifua mwenyewe kwa sabuni, akanipa. Tukamimina maziwa ya mgando humo, tukakifunga na kukitundika kwenye kamba ya nguo, maji yakadondoka mpaka adhuhuri. Kilichobaki ndani kilikuwa cheupe, kizito, laini. Nikakitia asali kidogo, nikakwangua maganda ya ndimu, nikakamulia ndimu moja moja huku mama akionja kwa ncha ya kidole na kusema bado, bado, sasa basi. Karanga nilizitwanga mpaka zikaanza kutoa mafuta yake, kwa hiyo siagi sikuihitaji. Nikazichanganya na asali, nikazibana chini ya bakuli.

"Na hayo maji ya karai?" mama akauliza.

"Ya ziwa," jirani akadakia. "Ziwa nalo ni la fundi?"

Mama akacheka. Tangu aje ilikuwa mara ya kwanza kumsikia akicheka nyumbani kwangu, na ingawa tulikuwa uani, niliihesabu kuwa nyumbani kwangu.

Tulisubiri alasiri yote. Cherehani ilikuwa inalia ng'aang'aa upande wa pili wa ukuta, inasimama, inaanza tena, nikajua mume wangu anatega sikio. Upepo ulipoanza kuvuma kutoka ziwani nikaondoa gunia. Pai ilikuwa imeshikana. Haikuwa imara kama ile ya kopo, ukiikata ililegea kidogo pembeni, lakini ilisimama. Nikamkatia mama kipande, nikakiweka kwenye jani la mgomba la jirani, maana sahani nazo nilikuwa nimekwisha kuziogopa.

Alianza kula. Mimi nilikuwa nimekaa mbele yake nimeshikilia magoti. Sikuwa nataka sifa. Nilitaka tu ameze kitu nilichokitengeneza mimi, hapo nilipoolewa, na asijute. Alimaliza, akalamba kidole, akanyoosha jani.

"Ile ya jana ilikuwa na uzito hata kwa kuitazama," alisema. "Hii inapita."

Akala kipande cha pili. Jirani naye akala, akasema hii haikwami, akaomba nyingine wala hakuomba maji. Nami nikaonja, na nasema kweli, tangu siku hiyo sikufungua tena kopo la maziwa kwa ajili ya pai. Ile ya kopo inakaa mdomoni kama gundi. Hii ilikuwa na ubaridi na uchachu, asali ikija nyuma yake polepole, na ukimaliza unaweza kuinuka na kufanya kazi.

Ilibaki ya kutosha vipande viwili. Mama akaitazama, akaniuliza, "Huyu naye amekula?"

"Nani?"

"Unajua nani."

Nikasema hajala. Akalivuta bakuli, akakata kipande kikubwa kuliko kile alichokula yeye, akakiweka kwenye jani jipya, akanisukumia. "Mpelekee. Ni vyangu, natoa kwa nimtakaye." Nikampelekea mume wangu dirishani. Alikipokea kwa mikono miwili na kula amesimama, mkanda wa kupimia ukining'inia shingoni. Nikarudi uani nikamkuta mama amenyoosha mgongo na kugeuza uso kuelekea ukutani, pale ilipokuwa ikitokea sauti ya cherehani. Ilikuwa imenyamaza.

Ndipo akasema kwa sauti kubwa, kwa Kiswahili. Kile kile ambacho kwa miaka yote alidai hakijui.

"Mbuzi iwe dume. Iwe nono. Ile ya kwanza ilikuwaga imekonda, na ile ya pili ilikuwaga inakohoa."

Jirani akaziba mdomo kwa khanga. Upande wa pili wa ukuta nikasikia mume wangu akijikohoza kusafisha koo.

"Nimesikia, mama. Nitakwenda mnadani Bunda mwenyewe."

"Uende na mtu anayejua mbuzi. Wewe unajua nguo." Akapangusa jicho lake bovu kwa mgongo wa mkono, na sikujua kama ni dawa au ni kitu kingine. "Ukileta, nitakula humo ndani. Na mke wako anipikie wali, nimeuona kila siku unapita."

Mke wako. Miaka yote ile nilikuwa mwanangu, nilikuwa yule binti aliyepotelea mjini, nilikuwa huyu mkaidi. Sikuwahi kuwa mke wa mtu kinywani mwa mama. Nikaokota majani ya mgomba ili nipate cha kushika, nikaingia ndani, nikasimama karibu na mume wangu nikalia kwa furaha, naye akawa ananiuliza kwa kunong'ona mbuzi mnono anatambulikaje.