Watapita Penye Sisi Tunapita

Nilipochumbiwa, kwetu kulikuwa kumebaki nyumba nne. Zamani kitongoji kilijaa, nyuma ya Kajaga, kwenye uwanda wa nyasi unaoelekea mto Rusizi. Kisha ziwa likapanda, na kila masika jirani mmoja aling'oa mabati na milango yake akahamia mlimani. Kuta zilibaki zimesimama bila paa, nyasi zikaota sebuleni.

Ami wa mchumba wangu, mwenye nyumba kubwa Kiriri, mtaa wa matajiri mjini, alimpigia mama simu. Alitaka sherehe ya mahari ifanyike kwenye ukumbi mjini.

"Mama, huko kwenu ni maji. Watu wetu watapita wapi?"

"Watapita penye sisi tunapita," mama akajibu. "Mutoto anaombwa kwao."

Nilimwambia tukubali tu ukumbi. Niliogopa watu wa Kiriri watatucheka. Mama aliendelea kuchambua ndagala, dagaa wa ziwani, hakuinua hata uso.

"Wakicheka, watacheka wakiwa wamekaa kwangu."

Kutoka barabara ya lami hadi uani kwetu palikuwa na tope la kufika magotini. Mama akapata wazo la kutandaza matofali ya nyumba zilizoachwa, lakini hakutaka kugusa hata moja bila ruhusa. Akawapigia simu wenye nyumba, mmoja baada ya mwingine. Mwanamke aliyekuwa jirani yetu wa ukuta kwa ukuta akasema, "Kama watakanyaga nyumba yangu, basi nami niwepo nione."

Akaja. Wakaja na wengine, na majembe yao, watu ambao hatukuwa tumewaona tangu wahame. Walibomoa kuta zao kwa mikono yao, wakapanga matofali juu ya matete, wakibishana kama zamani nani aliiba kuku wa nani. Jirani yetu alipofika kwenye ukuta wa chumba alichozalia wanawe, aliomba aachwe peke yake. Aliuangusha mwenyewe. Hakuna aliyemwambia pole, maana hakuitaka.

Siku yenyewe magari yalibaki kwenye lami. Niliwachungulia dirishani wakija kwa mstari mmoja, suti na mishanana, yale mashuka ya sherehe yanayofungwa begani, shangazi zao viatu mkononi. Mmoja aliteleza, wanawake wetu wakamdaka, wakamuosha miguu, wakampa kiti cha mbele.

Msemaji wetu alikuwa mzee mchunga ng'ombe, wa mwisho kubaki na ng'ombe uwandani. Ami akasimama na kibuyu cha pombe ya ndizi. Alianza vizuri, kisha akasema wamekuja kumtoa mtoto huyu katika maji.

Mzee hakukipokea kibuyu.

"Apana. Hatukuita mutu aje kumutoa mutoto kwenye maji. Humu ndimo amekulia, na hajazama. Mumekuja kuomba. Ombeni."

Nilimtazama mchumba wangu. Alikuwa ameinamisha kichwa, nikadhani ana haya. Baadaye aliniambia alikuwa anaficha kicheko. Ami akajikohoza, akaanza upya tangu salamu, na safari hii aliomba kama wanavyoomba watu wote. Mzee akapokea kibuyu, akanywa, akampa mama.

Sasa naishi na mume wangu Kigobe, mjini. Wale waliorudi kututengenezea njia walikwenda zao jioni ileile, ila jirani yetu, ambaye alilala kwa mama akakaa wiki nzima, kisha akaomba kipande cha shamba. Yeye na mama wamelima mpunga, kwa kuwa mihogo inaoza ardhini. Viboko walikula nusu. Wamepanda tena.

Kila mwezi namwambia mama ahamie kwangu, chumba kipo. Wiki iliyopita, nilipokwenda kumwona, aliniuliza kama nyumba yangu ina mlango unaoonyesha nyasi. Nikasema haina, mlango wangu unaonyesha geti la jirani.

"Basi kaeni salama," akasema, akanipa mchele niubebe kurudi mjini.