Kumfuata Mbeba Machela

Bibi alinituma Tabora kwa sababu hakutaka kufa kabla babu yake hajarudi nyumbani. Babu huyo, Maganga, alichukuliwa kijijini kwetu Lusu wakati wa Vita Kuu ya Kwanza, akabebe machela katika hospitali ya askari waliotoka ng'ambo. Hakuonekana tena. Kwetu, aliyefia mbali huletwa hata kwa udongo wa mahali alipolala.

"Wewe umesoma historia," Bibi alisema. "Kamlete."

Nimesoma, kweli, ingawa kazi sijapata. Wiki nzima niliwaza: nikichota udongo usio wake, nitakuwa nimemleta nani?

Saa kumi na mbili asubuhi nilipanda basi. Kutoka Nzega nilitazama vichaka vikipita dirishani, nikajaribu kupima umbali ule kwa miguu, kwenye njia ya misafara, huku mtu mwenye homa akiwa begani. Nikashindwa.

Saa tano nilikuwa Tabora. Bodaboda ilinifikisha nje ya mji, kwenye iliyokuwa hospitali ile, jengo refu la mawe lililobaki na bati upande mmoja. Ndani, namba za vitanda bado zilisomeka ukutani, na chini yake mama mmoja alikuwa akitundika tumbaku ikauke.

"Shikamoo."

"Marahaba. Mimi Mama Neema, Mgogo wa Manyoni, nimeolewa huku. Na wewe mla michembe, umepotea?"

"Nyie ombaomba mmefikaje hadi huku?" nilimjibu, maana Wagogo ni watani wetu Wanyamwezi, nao hutucheka kwa michembe, viazi vyetu vya kukausha. Akacheka sana.

Alinionyesha makaburi ya askari, yamepangwa safu kwa safu, na misalaba yake. Ya wabebaji hayakuwepo. Nyuma ya safu ya mwisho palikuwa na bonde la mchanga tu. "Hao walifukiwa pale," alisema. Nilipomweleza nilichofuata, kicheko kilimwisha. "Subiri saa tisa. Huwa wanapita."

Saa tisa alasiri, jua likiwa bado kali, tulikaa kizingitini. Nilisikia nyayo ndani ya jengo, za watu wawili, zikienda kwa mwendo mmoja kama za watu waliobeba kitu kizito. Zilifika karibu yetu, zikasimama. Hapakuwa na mtu. Vumbi la sakafuni lilitulia vilevile. Kisha zikarudi zilikotoka.

"Kila siku hivyo," Mama Neema alinong'ona. "Hawatui."

Nilikimbilia bondeni nikaanza kuchimba kwa mikono. Alinifuata, akanipiga kofi kiganjani.

"Mfiwa anachimba? Kwenu hamfundishwi? Hiyo kazi ya mtani!"

Nilijua hilo tangu utotoni, woga ulinisahaulisha. Akanirudisha mlangoni, akashika kiuno.

"We Maganga! Mla michembe mkubwa! Vita imekwisha zamani, bado unabeba nani? Mzungu wako kama hakupona kashaoza! Shusha hiyo machela, mjukuu kakufuata, mwoga kama kuku mgeni!"

Mti wa machela uligusa sakafu, taratibu, upande mmoja. Halafu upande wa pili. Mtu akashusha pumzi ndefu.

Mama Neema alirudi nyuma, mdomo wazi. Alishuka bondeni, akachimba udongo, akaufunga katika kitambaa changu.

Asubuhi yake nilipanda basi la kurudi. Kifurushi kikiwa mapajani, nilijiuliza njia nzima: wa pili alikuwa nani? Na aliyelala katikati yao?

Nilifika Lusu mchana. Nilimweleza Bibi yote, nikingoja anikaripie.

"Huyo wa pili, kwao wapi?" aliuliza.

"Sijui."

"Na mgonjwa?"

"Ng'ambo. Sijui wapi."

Bibi aliita mtani Msukuma wa jirani achimbe mashimo matatu kando ya kaburi la baba yake, udongo ule ugawanywe kwa wote watatu. Nilikwenda nikiogopa kuleta mgeni. Kumbe kwa Bibi mgeni ni mtu wa kutafutiwa pa kulala. Alimimina togwa kwenye mashimo yote, akaanza na la mgonjwa.

"Huyu ndiye aliyechoka zaidi," alisema, "kwa kubebwa."