Mwanahamisi na Wagonjwa Waliopotea

Mtaani Kasuku, mjini Kindu, hakuna aliyewahi kumwona Mwanahamisi ametulia. Alikula amesimama, sahani mkononi, mgongo ameuegemeza kwenye mwimo wa mlango. Akiongea na mtu alikuwa anafungua na kufunga kitenge chake upya kama anayeitwa mahali. Dada zake walimwita kiguu na njia, na siku za hasira walisema ana sisimizi kwenye nyayo.

Hakuzaliwa hivyo. Mumewe, Musafiri, alikuwa mshika breki wa treni. Asubuhi moja ya kawaida alipanda treni ya kwenda Kongolo, akaacha shati lake la pili likikauka kwenye kamba, na hakurudi. Stesheni walisema amehamishiwa kambi nyingine ya reli huko kusini. Majirani wengine walisema ameoa, wengine walisema amekufa. Mwanzoni watu walimpa pole. Baadaye wakamshauri avunje ndoa, na mwishowe wakaacha kulitaja jina lake. Mwanahamisi hakuweza kukaa eda ya mtu ambaye labda yu hai, wala hakuweza kuendelea kumwekea chakula mtu ambaye labda amezikwa. Kukaa nyumbani kulimshinda. Aliposikia hospitali inatafuta mwanamke wa kuwatembelea wagonjwa wa kifua kikuu, awakumbushe sindano na vidonge, alikwenda siku hiyohiyo.

Ilikuwa miaka ile ambayo kila mtu aliitwa sitoyeni, yaani mwananchi, majina ya Kikristo yamepigwa marufuku, na Jumamosi watu wote wanatolewa kwenda kulima barabara, kazi ya lazima iliyoitwa salongo. Daktari wa kifua hapo hospitali alikuwa Mbusa, mtu wa Kivu ya Kaskazini, ambaye mama yake peke yake ndiye aliyethubutu bado kumwita Séraphin. Alikuwa amesomea hesabu za magonjwa ng'ambo, na alirudi na jambo moja kichwani. Dawa za zamani za kifua zilichukua mwaka na zaidi, na wagonjwa walichoka njiani. Kulikuwa na dawa mpya za miezi michache. Je, zilikuwa zinaponya sawasawa?

Ili kujua, aliweka kura. Kila mgonjwa mpya alichota bahasha kwenye kapu, na ndani yake mlikuwa na neno moja: ndefu, au fupi. Watu walinung'unika, walitaka daktari achague. Mbusa alikataa kabisa. Alimweleza Mwanahamisi kwamba akichagua yeye, mkono wake utawapa dawa fupi wale wenye nguvu bila yeye kujijua, na mwisho ataisifu dawa kwa nguvu ambazo watu walikuja nazo kutoka kwao. Mwanahamisi alielewa. Hata mwanamume mmoja wa sokoni alipompigia magoti ambadilishie bahasha, alimwinua akamwambia arudi alipopangwa.

Msimu wa mvua ulipita, ukaja mwingine, na habari zikawa nzuri. Wa dawa fupi walipona. Mjini zikavuma, zikafika kwa wakubwa wa Chama, ambao walitaka zitangazwe kwenye sherehe inayokuja, kwamba Kindu imeshinda kifua kikuu. Mbusa ndiye ambaye hakuonekana kufurahi. Siku moja alimwita Mwanahamisi ofisini akamwonyesha karatasi yenye mistari miwili, kila mmoja unashuka kama ngazi.

"Mama Mwanahamisi, angalia hapa," alisema. "Kila fasi ngazi inashuka, kuko muntu alikufa, ao ugonjwa ulimurudilia."

Ngazi ya dawa fupi ilishuka kidogo tu. Lakini juu yake palikuwa na vijialama vingi vya kalamu, kama vijiti vilivyochomekwa. Mwanahamisi aliviuliza.

"Hao njo wale walipotea. Waliacha kuja, na hatujue fasi walienda. Hesabu yangu inawachukua kama wako sawa na wale walibakia. Kama walienda sababu walipona, muzuri. Kama walienda sababu walikuwa wanakufa, hii ngazi inadanganya."

Mwanahamisi aliviangalia vile vijiti. Watu wasio hai wala wafu, wameachwa wananing'inia kwenye mstari. Kabla daktari hajamaliza kumwomba awatafute, alikwishasema atakwenda.

Alianza na wa karibu. Alivuka mto Lualaba kwa mtumbwi hadi Alunguli, akamkuta mmoja anapaua nyumba, mnene, anacheka. Huyo hakuja tena kwa kuwa hakuumwa tena. Mwingine alimkuta nyuma ya duka la jamaa zake, amefichwa, mbavu zinahesabika, kwa sababu familia iliogopa wateja watakimbia kikohozi. Mwanahamisi alimrudisha hospitali siku hiyo akiwa amemshika mkono. Kila aliporipoti, Mbusa alifuta kijiti kimoja akaandika kitu mahali pake. Usiku Mwanahamisi alilala vibaya. Waliobaki mbali walimwita.

Safari ya Kibombo ilimtesa kabla haijaanza. Treni iliahidiwa, haikuja. Wasafiri wengine walitandika mikeka stesheni, wakapika sombe ya majani ya muhogo, wakacheza karata. Yeye alikwenda na kurudi kandokando ya reli mpaka mkuu wa stesheni akamwomba apumzike, maana anawachosha watu kwa kuwaangalia tu. Treni ilipofika hatimaye alikuwa wa kwanza kupanda. Kutoka Kibombo alipata nafasi nyuma ya baiskeli ya mchuuzi wa chumvi, na mahali baiskeli ilipozama matopeni alitembea, hadi kijiji cha Tunda.

Huko alimtafuta Safi. Alimkumbuka vizuri: msichana mwembamba aliyechota bahasha ya dawa fupi akaibusu, akamaliza vidonge vyake bila kukosa, na siku ya mwisho akacheza ngoma uani mwa hospitali, kisha asirudi tena kupimwa. Mama yake alikuwa anamenya muhogo. Alipoona kitenge chenye chapa ya hospitali, kisu kilisimama mkononi.

Safi alikuwa amekufa. Kikohozi kilirudi baada ya mavuno. Mama alitaka kumpeleka Kindu, msichana akakataa. Kule walikuwa wamemwambia umepona, watu wakapiga makofi. Angewezaje kurudi na damu mdomoni? Alidhani watasema alitupa vidonge, au kuna kitu kibaya alichokifanya. Akajificha na ugonjwa wake hadi ukammaliza.

Mwanahamisi aliketi. Aliketi chini kabisa, kwenye maganda ya muhogo, bila mtu kumwambia karibu. Kisha mama wa Safi akauliza jambo ambalo hakuna aliyekuwa amemuuliza Mwanahamisi kote alikopita.

"Mutoto wangu alipata dawa ya muzuri, ao ya mubaya?"

Angeweza kumpa neno la kumtuliza. Lilikuwa tayari ulimini. Akalimeza.

"Hiyo njo tunatafuta, mama. Bado hatujue."

Yule mama alishika tena kisu. "Basi uambie dokta amuhesabu na Safi," alisema. "Asimuache inje."

Tunda na vijiji vya jirani vilikuwa na wengine. Wachache walikuwa wazima. Kwa wengine alionyeshwa kaburi. Wengi wa waliokufa walikuwa wa bahasha fupi, na Mwanahamisi alirudi Kibombo akiwa anajisikia kama mtu aliyebeba maji ya moto kichwani, anayetaka kuyatua na hana pa kuyatua.

Treni ya kurudi nayo haikuwepo. Alipokuwa anazungukazunguka stesheni alimwona mzee mmoja mwenye kofia ya zamani ya reli, ambaye wazee wenzake bado walimwita Félicien, fundi aliyestaafu. Miaka yote ile, katika kila mji aliopita, Mwanahamisi alikuwa ameuliza habari za waume wa watu, watoto wa watu. Habari za mume wake hakuwahi kuziuliza. Alijiambia hana nafasi. Sasa maneno ya mama wa Safi yalikuwa bado sikioni, na mdomo ulifunguka wenyewe.

Mzee Félicien alimgeukia. "Musafiri wa breki? Mama, we uko nani yake?"

"Niko bibi yake."

Mzee alivua kofia. Alimweleza polepole. Musafiri hakuoa popote. Alipelekwa kambi ya kusini kuziba nafasi ya mtu, akashikwa na homa kali mwaka uleule, akafa kabla hawajapata gari la kumpeleka hospitali. Waislamu wa kambini walimwosha na kumzika. Habari alipewa mwenzao aliyekuwa anapanda kwenda Kindu, naye huyo alihamishwa kabla ya kufika, na kila mmoja alidhani mwingine ameisema. Mwanahamisi aliuliza kaburi liko upande gani wa reli. Aliuliza mara mbili. Hakulia mpaka treni ilipoanza kutembea, na hapo alilia na dirisha limefunguliwa, vumbi la makaa linamwingia machoni.

Kindu alikwenda kwanza hospitali. Alimweleza Mbusa kila mtu kwa jina lake, na daktari aliandika bila kumkatiza. Kisha akachora ngazi upya mbele yake. Ile ya dawa fupi ilishuka, ikashuka tena, ikaikaribia ya dawa ndefu, mwishoni ikapita chini yake. Mbusa alilaza kalamu. Alikuwa ameitaka dawa ile. Alikuwa ameitaka kuliko watu wote wa sherehe.

Hata hivyo hakuishia hapo. Kwa siku nyingi alifanya hesabu nyingine, ya kupima mambo pamoja: umri, uzito wa mtu siku ya kuchota bahasha, kazi ya mgodini, na dawa aliyopata, kuona ni kipi kinachosukuma ugonjwa urudi kila kimoja kikitengwa na vingine. Ikaonekana kwamba waliokuja wakiwa wamekonda sana, na wale waliovuta vumbi la migodi ya Kalima, ndio waliorudiwa baada ya dawa fupi. Wengine iliwatosha. Safi alikuwa mwembamba kama ufito.

Mbusa aliandika hivyo, akakataa habari zitangazwe kwenye sherehe. Aliitwa kwa wakubwa wa Chama, akaambiwa anavunja moyo wa taifa, na dawa mpya zilizotarajiwa zilichelewa sana. Hakujitetea mbele ya wafanyakazi wake. Alisema tu kwamba waliokonda na wachimbaji watapewa miezi zaidi, kwa dawa zilizopo.

Ni baada ya hayo yote Mwanahamisi alimwambia habari za Musafiri. Daktari alimpa ruhusa akakae eda. Alikwenda kwa mwalimu wa msikiti kuuliza taratibu, naye mwalimu, kwa sauti ya huruma, akamwambia eda huhesabiwa kuanzia siku mtu alipokufa, si siku mkewe alipopata habari. Yake ilikwisha zamani, wakati yeye anafua lile shati na kulianika tena. Dada zake walifanya hitima, wakapika wali, na watu waliokuwa wameacha kulitaja jina la Musafiri wakalitaja.

Walidhani sasa atatulia. Alikaa nao juma moja kweli, akila ameketi mkekani. Kisha lori la Kalima likapata mafuta. Kule machimboni kulikuwa na wagonjwa ambao hakuna aliyejua habari zao, na mvua zilikuwa zinakaribia kuikata barabara. Mwanahamisi alipanda juu ya magunia, akajifunga kitenge kichwani, na kabla lori halijaondoka alikuwa amekwisha kumgeukia mchimbaji aliyekaa pembeni yake, anamuuliza kama anamfahamu mtu fulani, mrefu, wa kukohoa, aliyeonekana mara ya mwisho akielekea upande ule.