Majina ya Watu wa Shimo Moja

Niseme mapema ili nisijifiche: nilimwonea wivu yule Mmarekani. Babu yangu, aliyenilea tangu nikiwa na miaka minne, aliniita "mwalimu" kwa sauti ya kunitania, lakini mgeni huyo alimwita "mwanangu" katika wiki ya pili tu ya kufahamiana. Tukichinja kuku, firigisi ilikwenda kwake. Makande yakipakuliwa, bakuli lake lilitangulia. Mimi niliyeyapika nilibaki jikoni nikikwangua ukoko.

Ilikuwa baada ya Azimio la Arusha, nami nilikuwa nimerudi kufundisha shule ya kijijini kwetu, juu kwenye milima ya Upare upande wa kusini. Mmarekani aliletwa kujitolea kufundisha Kiingereza na hesabu. Tulitazamia Mzungu. Akashuka kwenye lori mtu wa maji ya kunde, mfupi kuliko mimi, nywele nyeusi tititi zimenyooka. Babu akamwuliza swali alilomwuliza kila mgeni: "Wewe ni wa ukoo gani?"

Nikatafsiri. Wageni wote niliowahi kuwatafsiria swali hilo walicheka. Huyu hakucheka. Alisema yeye ni Mlakota, kabila la wenyeji wa Marekani tangu kabla ya Wazungu, akaanza kutaja mababu na mabibi zake mmoja mmoja mpaka chai ikapoa. Babu akanigeukia. "Huyu ni mtu," akasema.

Babu alijua Kichasu, lugha yetu Wapare, na Kiswahili cha kununulia chumvi. Mgeni alijua Kiingereza, na Kiswahili cha kuombea maji. Kwa hiyo kila neno lao lilipita kinywani mwangu, na hilo ndilo lililoniuma kupita yote. Walikuwa wakipatana kwa ulimi wangu, kisha wananisahau.

Lakini wivu wangu ulikuwa na mzizi mwingine, na bila huo hamtanielewa. Baba yangu alikuwa mtoto pekee wa kiume wa babu. Alishuka tambarare kukata mkonge kwenye shamba kubwa, akafia kambini kwa homa nikiwa bado mdogo. Zamani kwetu mtu hakuachwa kaburini moja kwa moja. Muda ukipita, wazee walifukua, wakachukua fuvu, wakalitia chunguni na kulipeleka mpungi, yaani kichaka cha ukoo, ambako waliotangulia wote wamepangwa. Kanisa lilikataza, nasi tulibatizwa. Babu naye alibatizwa, lakini alikuwa Mlutheri wa Jumapili. Siku sita zilizobaki alikuwa mtu wa kichaka chake. Mara tatu nilimwomba anipeleke, nikiamini kabisa kwamba baba yangu yumo mle. Mara tatu alinijibu vilevile: "Wewe ni mwanamke, tena umebatizwa."

Alasiri moja tulikuwa watatu kwenye ndiva, bwawa letu la kumwagilia, tukingoja zamu ya babu ya maji. Mgeni akaanza kusimulia. Siku nne baada ya Krismasi, bibi yake akiwa mtoto wa mgongoni, wanajeshi wa serikali waliwazingira Walakota waliopiga kambi kando ya kijito kiitwacho Wounded Knee. Walikuwa wakiwanyang'anya bunduki. Risasi moja ikalia, na mizinga iliyokuwa imepangwa kilimani ikaanza kuwamiminia wote, wanaume kwa wanawake na watoto. Waliokimbia walifuatwa korongoni wakamalizwa huko. Kisha ikaanguka theluji. Nilimweleza babu kwamba ni ile nyeupe ya Kilimanjaro, ila inashuka mpaka uani kwa mtu. Maiti zikaganda zilivyoanguka. Baada ya siku kadhaa zikapakiwa kwenye mikokoteni, zikatupwa katika shimo moja refu.

Babu akauliza kwa Kichasu, "Na vichwa alivichukua nani?"

Niliona aibu. Mimi mwalimu, mwimba kwaya, nimwulize mtu aliyekuja kwa ndege habari za mafuvu? Nikageuza swali. "Babu anauliza kama ndugu zao waliwashughulikia."

"Ndugu walikuja miaka ya baadaye," mgeni akajibu. "Wakasimamisha jiwe lenye majina. Majina mengine bibi alinifundisha, ninayo kwenye karatasi. Kila mwaka siku hiyo ninayasoma, popote nilipo."

Nikamwambia babu, "Ndugu walikuja, wakafanya yote yanayopasa."

"Kila mmoja na kichwa chake?"

"Ndiyo, babu." Nilisema harakaharaka, maana zamu yetu ya maji ilikuwa imefika.

Wiki ile ile babu alimpeleka mgeni mpungi.

Niliwaona kwa macho yangu wakipanda, babu mbele na fimbo, yule nyuma yake amevua kofia. Nilikuwa natwanga. Niliacha mchi, nikasimama pale uani nikiwatazama. Mtu asiye wa ukoo! Amebatizwa kama mimi, alisema mwenyewe! Ametoka ng'ambo ya bahari na ng'ambo ya nchi nyingine, anakwenda kumwona baba yangu, na mimi aliyenizaa ninatwanga mahindi. Nilimchukia. Sioni haya kuliandika. Nilimchukia kwa macho yake yaliyokuwa yanaona nilichonyimwa mimi.

Kesho yake alinikuta ofisini shuleni. Alikuwa na wasiwasi. "Dada, babu alinionyesha chungu kitupu," akasema. "Akanishika kichwa kwa mikono miwili, akawa ananiuliza kitu. Aliuliza na kuuliza. Sikuelewa. Alitaka nini?"

Neno "kitupu" sikulisikia. Niliyoyasikia ni "alinionyesha" na "akanishika kichwa". Mimi babu hajanishika kichwa tangu siku niliyopata surua. Nikamjibu, "Mlikwenda wawili, basi elewaneni wawili." Nikachukua chaki zangu nikaingia darasani.

Zikapita wiki tatu. Sikuwatafsiria tena. Babu akija na neno, nina madaftari ya kusahihisha. Mgeni akija na neno, nina zamu kwenye shamba la ujamaa, ambalo mwaka ule lilikuwa limefyekwa mpaka ukingo wa kichaka cha ukoo. Nilimwona babu akikaa kizingitini jioni, akimtazama mgeni, akifungua kinywa na kukifunga. Ndani yangu kulikuwa na raha mbaya. Niliona wamepata walichokitafuta.

Shule zikafungwa, Krismasi ikapita. Siku ya nne yake mgeni alipita kwetu asubuhi, amevaa shati jeupe, akaniomba mimi na babu tuende naye kwenye kiwanja cha shule. Nilikwenda kwa sababu babu alikwishachukua fimbo yake. Kulikuwa na ukungu na manyunyu. Mgeni akakunjua karatasi, akasoma majina kwa Kilakota, polepole, bila kulia. Hapakuwa na cha kutafsiri. Babu alisimama wima mpaka jina la mwisho.

Kisha akanishika mkono. "Mwulize," akasema. "Leo mwulize vizuri. Hao ndugu waliokuja shimoni, waliwezaje kujua kichwa hiki ni cha nani?"

Hapo ndipo chungu kitupu kiliponifikia. Kilichukua wiki zote hizo kutoka ofisini mpaka masikioni mwangu.

Nilitafsiri neno kwa neno, mafuvu na yote, nikakiri pia jinsi nilivyopindisha maneno siku ile ndivani. Mgeni alinitazama, kisha akamtazama babu. "Mwambie hakuna aliyejua," akasema. "Hakuna kichwa kilichotolewa. Wamo wote mlemle mpaka leo."

Nikamwambia babu. Babu akauliza, "Hata wao?"

"Hata wao, babu."

Akaketi chini kwenye nyasi mbichi, jambo ambalo sikuwahi kumwona akilifanya. Akasimulia, nami nikawa natafsiri sentensi kwa sentensi, maana hakuna mwingine ambaye angetafsiri. Homa ile iliua vibarua wengi kwa siku chache, na wenye shamba waliwazika wote katika shimo moja nyuma ya kambi. Mwaka uliofuata babu alishuka na jembe, chungu na kitambaa cheupe. Akachimba. Akayapata mafuvu, mengi. Akaligeuza moja baada ya jingine kwenye jua la tambarare, akitafuta la mwanawe. Akayarudisha yote, akapanda mlima na chungu kitupu. Miaka yote aliamini kwamba mzazi mwingine, aliye bora kuliko yeye, angemjua mtoto wake. Uongo wangu wa ndivani ulikuwa umemthibitishia hivyo: kuna watu walioweza.

"Kwa nini hukuniambia?" nilimwuliza. Hilo sikulitafsiri.

"Ungeuliza."

"Nimeuliza mara tatu!"

"Uliomba kuona. Hukuuliza kama yumo."

Halafu akamwomba mgeni aandike jina moja chini ya yale mengine. Mgeni akanipa mimi kalamu. Babu akalitaja jina la baba yangu, kwa sauti, mara ya kwanza tangu nipate akili, nami nikaliandika kwa mwandiko wangu wa ubaoni, karatasi ikilowa.

Mwaka uliofuata mgeni aliitwa kwao, akaondoka na karatasi. Babu amekwisha kufa. Barua ilikuja mara moja: mgeni aliniandikia kwamba kila mwaka, penye lile jiwe, husoma majina yote mpaka la mwisho.

Kwa hiyo baba yangu anatajwa kwenye kilima nisichokijua, na watu wasiomjua, na bado nawaonea wivu. Lakini nimefundisha jiografia, najua jua linaanzia wapi. Kila mwaka siku hiyo huamka mapema, nikasimama uani, nikalitaja jina lake mimi kwanza, kwao kungali giza.