Shingo Yangu na Karai la Dresa

Leo nimetibiwa kwa karai.

Mnajua, jirani zangu, shingo yangu inavyoruka yenyewe. Mnajua pia nikibeba samaki kichwani kutoka Port Victoria, inatulia. Sijui kwa nini.

Basi dresa wa dispensari, mfunga vidonda huyu aliyeletwa mwaka wa Uhuru, amenibebesha karai la maji mbele ya foleni nzima. Shingo ikatulia.

"Mmeona?" dresa akawaambia. "Mama huyu anajifanya mgonjwa."

Watu wakacheka. Nawe Mama Auma, nilikuona ukicheka.

Nikiwa bado na karai kichwani, mkubwa wake kutoka Kakamega akaingia kumkagua. Dresa akaopoa sindano kwenye sufuria ya kuchemshia. Mkono ukatetemeka, sindano ikagonga sufuria kama kengele ya kanisa.

Nikashusha karai, nikamnyooshea dresa.

"Shika, daktari. Labda na wewe unajifanya."